Fonti ipi, programu ipi? Kwa anayepanga ng’ombe, Wanjikũ na چ katika kitabu kimoja

Mteja alileta kijitabu cha kurasa 48. Ndani yake mna methali za Kiswahili, tafsiri zake kwa Kikuyu na Kiganda, na mwishoni beti kadhaa za Kimvita alizotaka zikae kwa Kilatini upande mmoja na kwa herufi za Kiarabu upande wa pili. Alikuwa ameshajipangia mwenyewe kwa fonti ya mapambo aliyoipakua bure, ile ya kadi za harusi. Jina Wanjikũ lilitoka vizuri mpaka herufi ya mwisho: ile ũ ilisimama wima, nene, kama askari aliyepotea njia akaingia kwenye taarabu. Zile beti za Kiarabu ndizo zilizotia huruma. Herufi zilikuwa zimeachana moja moja, halafu zimepangwa kutoka kushoto.

Kisa cha ũ ni cha zamani. Fonti nyingi za bure hutengenezwa kwa kufuata orodha ya herufi za Ulaya Magharibi iitwayo Latin-1. Orodha hiyo ina ã na õ za Wareno, ina ñ ya Wahispania, lakini ĩ na ũ hazimo. Mtu akichungulia fonti anaona viwimbi juu ya herufi, anadhani amefika. Programu ikikosa herufi kwenye fonti uliyochagua, huiazima kwenye fonti nyingine bila kukuambia. Ikikosa kwa kuazima, inakuwekea kiboksi.

Unicode, ile orodha ya herufi za maandishi ya dunia nzima, yenyewe haina lawama hapa. Imeipa kila herufi namba yake: ũ ni U+0169, ŋ ni U+014B, ڤ ni U+06A4. Toleo la 16.0, la mwaka 2024, lina alama 154,998. Lakini namba si sura. Sura hutoka kwenye fonti, na kazi ya kuziunganisha herufi na kuipandisha alama juu ya herufi inayostahili ni ya programu. Hivyo mtu akikwambia programu yake “inakubali Unicode,” bado hajakwambia kitu. Na usitafute fonti moja ya kubeba lugha zote, maana OpenType, muundo wa faili za fonti za siku hizi, hauruhusu zaidi ya maumbo 65,535 katika faili moja. Unachochagua ni jozi, fonti pamoja na programu, na jozi hupimwa kwa maneno yako mwenyewe. Mimi nina mstari huu, ninaubandika kila mahali kabla sijakubali kazi:

Gĩkũyũ · Wanjikũ · ng’ombe · eŋŋoma · Ŋ · mbɔ́tɛ · Ɔ́ · پ چ ڤ گ

Hiyo mbɔ́tɛ ni salamu ya Kilingala, na nimeiweka makusudi. Tofauti na ũ, herufi ɔ́ haina namba yake pekee. Ni ɔ kisha alama ya toni U+0301 inayofuata nyuma yake, na fonti ndiyo inayojua alama ikae wapi. Fonti mbovu huitupa pembeni, juu ya t. Ile Ɔ́ kubwa ni mtihani mkali zaidi, kwani alama inatakiwa ipande juu zaidi, na kwenye fonti nyingi inaitoboa herufi kichwani. Ukiandika Kimaasai chenye ɛ, ɔ, ɨ na ʉ, anzia hapo hapo.

Upande wa Kilatini

Nilizipambanisha nne: Andika, Charis SIL, Noto, na zile zinazokuja na Windows.

Andika jina lake ni Kiswahili chetu, ile amri ya mwalimu ubaoni. Imetengenezwa na SIL, shirika la wanaisimu, kwa ajili ya wanaoanza kusoma. Herufi a ni duara na kijiti kama mtoto anavyofundishwa kuichora, g haina ile miwani ya kwenye vitabu vya watu wazima, na I kubwa, l ndogo na tarakimu 1 hazifanani. Kwa vitabu vya darasa la kwanza sioni mpinzani. Ila ina gharama moja ambayo hutaiona mpaka uhesabu kurasa: mistari yake imeachana sana, kwa sababu inahifadhi nafasi ya alama mbili zinazobebana juu ya herufi. Ukiiachia ijipangie, kijitabu kinanenepa. Dawa ni kuiwekea nafasi ya mistari kwa kipimo maalumu, badala ya kuiacha programu ikisie.

Charis SIL inatokana na Charter ya Matthew Carter, aliyoichora mwaka 1987 akiwa na printa za wakati ule akilini, ambazo hazikuwa na uwezo wa kuonyesha mistari myembamba. Kwa hiyo viungo vyake ni imara. Ukiipeleka kwenye risografu, ile mashine ya kutoa nakala nyingi kwa bei ndogo, na karatasi ya bei nafuu haichujuki. Dada yake, Gentium, ni mrembo zaidi, lakini ni mwembamba, na nimemuona akififia kwenye karatasi ya kijivu. Karatasi nzuri, Gentium. Karatasi ya kawaida yetu, Charis. Mimi nilichukua Charis.

SIL wamefanya jambo jingine ambalo Waganda watalipenda. Ŋ kubwa ina sura mbili: moja ni ŋ ndogo iliyokuzwa, ndiyo tuliyoizoea Afrika, na nyingine ni N yenye mkia, wanayoipenda Wasami wa kaskazini mwa Ulaya. Andika, Charis na Gentium zote zinakuruhusu kuchagua. Tatizo ni mahali pa kuchagulia. LibreOffice, programu ya bure ya kuandikia, ina kitufe cha vipengele vya fonti, unabofya na Ŋ inageuka. Word haizifikii chaguo za aina hiyo. Kwa mtumiaji wa Word, SIL wana huduma yao ya TypeTuner kwenye wavuti: unachagua sura unayotaka, unapakua fonti ambayo tayari imegeuzwa. Ni hatua ya ziada, lakini inafanyika mara moja.

Noto ya Google inajieleza kwa jina: “no tofu”, hakuna tofu, na tofu ndivyo vile viboksi vyeupe. Ina unene wa namna nyingi, kuanzia uzi hadi gogo, kwa hiyo kwa bango, tovuti au programu ya simu ndiyo ninayoanzia. Watu hunaswa na jina. Wanasikia Noto ina lugha zote, wanaweka Noto Sans kwenye tovuti nzima, halafu Kiarabu kinaharibika. Noto ni familia ya fonti nyingi, si fonti moja. Noto Sans ya kawaida haina Kiarabu, lazima uongeze Noto Sans Arabic au Noto Naskh Arabic.

Times New Roman, Arial na Calibri zina ĩ, ũ na ŋ bila shida. Kama kazi inaishia kwenye kompyuta yako na printa yako, huhitaji kupakua kitu. Ubaya wake ni leseni: huwezi kumgawia mwenzako mwenye Linux faili ya Calibri kihalali, naye akifungua hati yako atapata fonti nyingine na kurasa zitahama. Noto, Amiri (ya Kiarabu, nitaifikia) na fonti zote za SIL ziko chini ya Open Font License, leseni huria. Chapisha, gawa, pachika, hata rekebisha, mradi usiiuze fonti yenyewe peke yake.

DejaVu bado ipo kwenye Linux nyingi na herufi zake ni nyingi, lakini toleo lake la mwisho ni la 2016. Siianzii kazi mpya.

Upande wa Kiarabu

Waandishi wa zamani wa pwani walijibana ndani ya herufi za Kiarabu chenyewe: ب ilisimama kwa b na kwa p, ف kwa f na v, na msomaji akatambua kwa muktadha. Baadaye zikaongezwa پ, چ, ڤ na گ, na katika mtindo unaohusishwa na Mombasa e na o zikapata irabu zake: alifu ndogo chini ya herufi kwa e, na dhuma iliyopinduliwa kwa o. Unicode inazo zote mbili, U+0656 na U+0657. Hizi irabu ndizo mtihani, si konsonanti. Konsonanti zile nne zimo katika fonti zote tatu nitakazozitaja.

Amiri, kazi ya Khaled Hosny, imefufua chapa ya Kinaskhi, ule mwandiko wa vitabu, ya kiwanda cha uchapaji cha Bulaq cha Cairo ya mwanzoni mwa karne ya 20, chapa ile ile iliyotumika katika msahafu wa Cairo wa 1924. Aliyesoma vitabu vya Misri madrasani ataitambua kabla hajaambiwa. Ni nzuri mno. Lakini uzuri wake ni wa kubebana: herufi hupanda juu ya nyingine, zinaungana kwa namna nyingi, na ukijaza irabu kwenye kila silabi, kama Kiswahili kinavyotaka, mstari unajaa. Katika Kiarabu msomaji anaweza kuachiwa asome bila irabu. Kiswahili bila irabu ni fumbo.

Scheherazade New, ya SIL pia, imepunguza miunganiko hiyo. Haina ule urembo, lakini kila irabu ina mahali pa kukaa, na ilitengenezwa kwa kuwafikiria watu wanaoandika lugha zisizo Kiarabu kwa herufi za Kiarabu, Afrika tukiwemo. Ina unene wa hatua kadhaa kati ya kawaida na nzito. Kwa beti zile nilijaribu ubeti mmoja kwa Amiri na huo huo kwa Scheherazade, nikamwekea mteja mezani bila kumwambia ipi ni ipi. Alichagua Amiri. Nikamwomba ausome kwa sauti. Akachagua Scheherazade.

Noto Naskh Arabic ni ya skrini. Ni nene na wazi, na haitaki makuu. Kwa simu ningeichukua bila kufikiri. Kwenye kitabu inaonekana kama tangazo. Noto Nastaliq ni ya Kiurdu, hati yake inateremka mshazari, na macho ya pwani hayakuizoea. Iache.

Programu

Fonti nzuri ndani ya programu isiyojua kuunganisha herufi ni bure. Kazi ya kuunganisha hufanywa na injini, na iliyoenea zaidi ni HarfBuzz, imo ndani ya Firefox, Chrome, Android na LibreOffice. Jina ni la Kiajemi, na “harf” hiyo ni ndugu ya herufi zetu.

LibreOffice inatumia HarfBuzz kwenye mifumo yote tangu toleo la 5.3 la 2017. Kwa mtu anayehama kati ya Linux nyumbani na Windows ofisini hilo ni kubwa: mstari hauchezi. Kabla ya kuandika Kiarabu, nenda kwenye mipangilio ya lugha uiwashe sehemu ya lugha zinazoandikwa kwa kuunganishwa. Usipoiwasha, fonti ya Kiarabu huna pa kuichagulia. LibreOffice huhifadhi fonti ya Kilatini na fonti ya Kiarabu kila moja kwenye kisanduku chake, na ukubwa wake pia. Word inafanya vivyo hivyo. Watu wengi hulalamika kwamba wamebadilisha ukubwa na maandishi hayasogei, kumbe wamegusa kisanduku cha Kilatini.

Word kwa mchanganyiko wa kawaida wa Kiswahili, Kikuyu na Kiarabu inatosha kabisa, na mteja wako karibu hakika anayo. Pale inapozidiwa ni zile sura mbadala nilizozitaja, na mpangilio wa safu mbili zinazokwenda kinyume, Kilatini upande huu na Kiarabu upande ule. Unaweza kulifanya kwa jedwali. Nimelifanya. Sitarudia.

InDesign, programu ya kupanga kurasa, ndiyo ya viwandani, na ukiwa na fedha ya kulipia kila mwezi, endelea nayo. Ila ukiisakinisha kwa Kiingereza cha kawaida, kipangaji chake cha aya hakiunganishi Kiarabu. Lazima uchague kile kiitwacho World-Ready Composer. Herufi zilizoachana unazoziona kwenye mabango ya Ramadhani barabarani ni zao la programu iliyoachwa katika hali ya namna hiyo.

Scribus nayo ni ya kupanga kurasa, ya bure, na zamani ningekwambia uiache, kwa sababu matoleo ya 1.4 hayakujua Kiarabu. Mabadiliko yalitoka mahali ambapo Waswahili wengi wana jamaa: Oman. Kikundi cha huko kiitwacho HOST kilishughulikia kuipa Scribus uwezo wa kuunganisha herufi, na matunda yake yamo katika toleo thabiti la 1.6, lililotoka 2024. Watu hao hao wana libraqm, maktaba ndogo inayotumiwa na programu nyingine kuchora maandishi ya namna hii, na jina lake limetoka kwenye mzizi uliotupa tarakimu. Kijitabu hiki nilikimalizia ndani ya Scribus. Ni nzito kujifunza, na kurekebisha maandishi marefu ndani yake ni adhabu, hivyo andika kwenye LibreOffice, hariri huko huko, kisha uingize.

XeLaTeX, ambayo unaipangia kurasa kwa kuandika amri, imetokana na XeTeX ya Jonathan Kew ya 2004, na inatoa kurasa nzuri kupita zote hizi. Ukiwa tayari unaijua, huhitaji ushauri wangu. Kama huijui, usianze kujifunza wiki ya kupeleka kazi kiwandani.

Ile ritifaa ya ng’ombe

Hapa ndipo Kiswahili, ambacho tunadhani hakina shida kwa sababu ni a, e, i, o, u tupu, kinapotufunga. Ritifaa ina wagombea watatu, na kwenye skrini wanakaribia kufanana.

Wa kwanza ni ' iliyonyooka, U+0027. Iko kwenye kila kibodi, na ndiyo anayoandika mtu anapotafuta. Kwenye kitabu inaonekana kama msumari.

Wa pili ni ’ iliyopinda, U+2019. Ndiyo ya vitabu, na Word hukuwekea yenyewe. Hata hivyo Word hubahatisha kwa kutazama kilichotangulia: ikikuta herufi, huipinda sawa. Ikikuta nafasi tupu, hudhani unafungua nukuu. Kwa nathari haina neno, lakini beti za Kimvita zimejaa 'mekuja na 'takuja, maneno yaliyokatwa mwanzo, na kila moja ilitoka na ‘ iliyogeuka nyuma. Nilizirekebisha kwa mkono, beti zote.

Wa tatu ni ʼ, U+02BC, ambayo kwa Unicode ni herufi kamili wala si alama ya uakifishaji. Kwa nadharia ndiyo sahihi, maana ng' ni sauti moja, na ukibofya neno mara mbili halikatiki katikati. Lakini haiko kwenye kibodi ya mtu yeyote ninayemjua, na msomaji akitafuta ng'ombe kwa alama aliyonayo, hataipata. Nimewaachia wanaisimu.

Mteja alitaka pia kuwatumia wanachama methali moja kila siku kwa SMS, na hapo alama hii ikageuka kuwa pesa. SMS ya kawaida ina nafasi 160, mradi herufi zote zimo katika GSM, orodha ya herufi ya mitandao ya simu. Alama ' imo. Alama ’ haimo, wala ũ na ŋ hazimo. Ikiingia moja tu, ujumbe wote unahamia kwenye mfumo wa nafasi 70, na ukizidi hapo hukatwa vipande vya 67. Methali yenye maelezo, nafasi 150, yenye ng'ombe mmoja wa ritifaa iliyonyooka: ujumbe mmoja. Methali hiyo hiyo iliyonakiliwa kutoka Word, ng’ombe wa ritifaa iliyopinda: jumbe tatu, na bili ya jumbe tatu kwa kila mwanachama. Kwa matoleo ya Kikuyu hakuna ujanja. Ama ulipe, ama uandike Wanjiku bila kiwimbi, na mteja alikataa kumkata mkewe kiwimbi.

Orodha ya hizo jumbe ilikuja kwenye faili ya CSV, jedwali la maandishi matupu, na nilipoifungua nilikuta ngâ€™ombe na GÄ©kÅ©yÅ©. Takataka hizo si za fonti, usihangaike kubadilisha fonti. Faili imehifadhiwa kwa UTF-8, njia ya kuhifadhi herufi za Unicode kwa baiti, na kusomwa kana kwamba ni ya Windows ya zamani: ’ ni baiti tatu, kila baiti ikageuzwa alama yake. Usiihifadhi ikiwa katika hali hiyo. Ifunge, uingize upya, na ukiulizwa usimbaji chagua UTF-8.

Uamuzi wangu kwa ritifaa: kila kitu huandikwa na kuhifadhiwa kwa ' iliyonyooka. SMS hutoka hivyo hivyo. Siku ya kupanga kurasa, badilisho moja la ng' kuwa ng’, halafu beti kwa macho.

Kwenda kiwandani

Zamani nilipeleka faili ya Word kwa kiwanda kimoja cha uchapaji. Kompyuta yao haikuwa na fonti niliyotumia, ikaazima nyingine, na nakala zikaja na viboksi kwenye kila ŋ. Siku hizi natoa PDF yenye fonti zilizopachikwa ndani, na kabla ya kuituma nafungua sifa za faili kuhakikisha kila fonti imeandikwa kwamba imepachikwa. Mteja akidai faili ya kuhariri, Word na LibreOffice zote zina chaguo la kupachika fonti ndani ya hati. Kwa fonti za leseni huria haligomi.

Na kwenye ukurasa wa mwisho wa nakala ya majaribio naacha ule mstari wangu, kuanzia Gĩkũyũ mpaka گ, ili niuone kwenye karatasi yao na wino wao. Fundi wa mashine ameshauzoea. Aliponipigia safari hii alisema, “Mzee, ile lugha yako imetoka, viboksi hamna,” na bado anataka nimwambie inazungumzwa wapi.